Per Mertesacker: beki asiye na mbio aliyecheza mechi 104 za timu ya taifa ya Ujerumani

Per Mertesacker hakuwa na mbio. Makocha wake walilijua hilo, washambuliaji waliopangwa dhidi yake walilijua, na sisi tuliokuwa tukimtazama kwenye vibanda umiza tulilijua pia, maana mashabiki wa timu nyingine walimwita mlingoti na kukaa wakiisubiri kwa hamu dakika ambayo winga mwepesi angempita. Hata hivyo beki huyo wa kati mwenye urefu wa mita 1.98 aliichezea Ujerumani mechi 104, akatwaa Kombe la Dunia mwaka 2014, akawa nahodha wa Arsenal na kushinda nayo Kombe la FA mara tatu. Maelezo yanayotolewa kila siku ni kwamba alifidia uzito wa miguu kwa wepesi wa akili. Ni maelezo ya kweli, lakini mimi nayaona hayatoshi, kwa sababu hayasemi chochote kuhusu gharama ya kucheza kwa namna hiyo, gharama ambayo yeye mwenyewe aliieleza hadharani mwaka 2018, miezi michache kabla ya kutundika daluga.

Alizaliwa Hannover tarehe 29 Septemba 1984 na kukulia Pattensen, mji mdogo ulio kusini mwa jiji hilo. Huko alianza kucheza katika klabu ya nyumbani, TSV Pattensen, kisha mwaka 1995 akajiunga na timu za vijana za Hannover 96. Hakuwa miongoni mwa watoto ambao kila mtu huwatabiria makubwa. Alipofika ujanani alirefuka kwa kasi ambayo magoti yake hayakuweza kuihimili, akalazimika kukaa nje ya uwanja kwa kipindi, na amesimulia kwamba siku hizo hakufikiri kuwa mpira ungekuja kuwa kazi yake. Kwa kijana wa aina hiyo kucheza Bundesliga, ligi kuu ya Ujerumani, akiwa na miaka 19 lilikuwa jambo kubwa. Ralf Rangnick, aliyekuwa kocha wa Hannover, alimpa mechi yake ya kwanza tarehe 1 Novemba 2003, ugenini dhidi ya Köln, na kabla mwaka haujatimia Jürgen Klinsmann alimwita timu ya taifa. Ujerumani ilikuwa imetolewa katika hatua ya makundi ya Euro 2004, kocha mpya alitaka sura mpya, na tarehe 9 Oktoba 2004 Mertesacker alicheza mechi yake ya kwanza ya kimataifa jijini Tehran dhidi ya Iran.

Katika miaka hiyohiyo alifanya jambo ambalo halitajwi sana katika habari za michezo. Vijana wa kiume wa Ujerumani wakati ule walilazimika kulitumikia taifa, ama jeshini ama katika kazi za kijamii, na yeye alichagua kazi za kijamii katika taasisi ya wagonjwa wa akili iliyo karibu na Hannover. Kijana ambaye jina lake lilikuwa linaanza kuandikwa magazetini alikuwa na siku za kuwahudumia watu ambao akili zao zilikuwa zimelemewa. Siwezi kudai kwamba kazi hiyo ndiyo iliyomfundisha kuzungumza waziwazi miaka mingi baadaye, lakini nikiyasoma maneno yake ya mwaka 2018 siwezi kuisahau.

Kabla sijafika huko, ningependa kueleza alivyocheza, kwa sababu wengi wetu tuliuona urefu wake na uzito wake, lakini kazi yake hatukuiona. Beki mzito hana sababu ya kuyasubiri mashindano ya mbio, maana atashindwa; kazi yake ni kuhakikisha kwamba mashindano hayo hayaanzi. Mertesacker alikuwa akihama kabla ya pasi kupigwa. Kiungo wa timu pinzani alipoinamisha kichwa kuutazama mpira ili aupige mbali, beki huyu alikuwa tayari amesharudi hatua mbili au tatu nyuma huku mwili wake ukiwa umegeuka nusu kuelekea golini kwake, hivyo mpira ulipotua nyuma ya safu ya ulinzi yeye na mshambuliaji walikuwa wanauendea wakiwa sawa, naye alikuwa na miguu mirefu zaidi. Kiungo huyohuyo alipogeuza mgongo, au alipopokea mpira akiwa amebanwa, Mertesacker alipanda mbele na kuwaita wenzake wapande pamoja naye, na mshambuliaji akajikuta ameotea. Alizungumza na mabeki wa pembeni dakika zote 90. Hakupenda kujitupa chini kumkwatua mtu, kwa sababu beki aliyelala chini amekwisha kupoteza nafasi yake, na ndiyo maana katika miaka yake ya Ujerumani alipita mechi nyingi mfululizo bila kuonyeshwa kadi ya njano, jambo la nadra kwa beki wa kati.

Mtu aliyeutazama mpira peke yake angeapa kwamba Mertesacker hakufanya lolote katika mechi nzima. Ukiurudia mchezo huohuo ukimtazama yeye tu, utamwona akigeuza shingo kulia na kushoto, akinyoosha mkono kumsogeza mwenzake, akifunga njia ya pasi ambayo kwa sababu hiyo haikupigwa. Kazi ya namna hiyo haina takwimu zinazoweza kuhesabiwa. Ina udhaifu wake pia, nao hauwezi kufichwa: inahitaji timu nzima ijipange vizuri mbele ya beki, na siku timu inapovurugika, yeye ndiye anayeaibika mbele ya watu. Msimu wa 2013/14 Arsenal ilifungwa 6-3 na Manchester City, 5-1 na Liverpool, na 6-0 na Chelsea katika mechi ya 1,000 ya kocha wake Arsène Wenger, zote ugenini, na katika mechi za aina hiyo mabeki wa kati waliachwa na uwanja mpana mbele yao na mwingine mpana nyuma yao. Ni katika mechi hizo watu walikuwa wakitangaza kwamba Mertesacker amekwisha.

Kombe la Dunia la 2006 lilichezwa nyumbani kwao. Alikuwa na miaka 21, akipangwa kati pamoja na Christoph Metzelder, na nchi nzima ilikuwa barabarani ikipeperusha bendera. Ujerumani iliitoa Argentina kwa mikwaju ya penalti katika robo fainali, kisha ikakutana na Italia mjini Dortmund tarehe 4 Julai. Mechi ilikwenda hadi muda wa nyongeza bila bao, na ilipobaki dakika moja Fabio Grosso akafunga. Muda mfupi baadaye Alessandro Del Piero akaongeza la pili. Picha za usiku ule zinawaonyesha wachezaji wa Ujerumani wakilia. Baadaye nitaeleza alichosema Mertesacker kuhusu hisia zake za usiku huo, kwa kuwa ndicho kilichonifanya niirudie picha nzima niliyokuwa nayo juu yake.

Miaka yake katika klabu ya Werder Bremen, kuanzia 2006 hadi 2011, nitaipitia kwa ufupi. Ilikuwa timu iliyopenda kushambulia, ikiwa na akina Diego na baadaye Mesut Özil, ikatwaa Kombe la Ujerumani mwaka 2009, na katika msimu huohuo ikafika fainali ya Kombe la UEFA na kufungwa 2-1 na Shakhtar Donetsk mjini Istanbul. Kwa upande wa timu ya taifa, alicheza fainali ya Euro 2008 ambayo Hispania ilishinda kwa bao la Fernando Torres. Miaka miwili baadaye alikuja Afrika. Katika Kombe la Dunia la Afrika Kusini, Ujerumani iliifunga England 4-1 na Argentina 4-0, naye akiwa katikati ya ulinzi pamoja na Arne Friedrich, kabla ya kusimamishwa tena na Hispania katika nusu fainali jijini Durban, safari hii kwa kichwa cha Carles Puyol kilichotokana na kona. Nafasi ya tatu mwaka 2006, ya pili mwaka 2008, ya tatu mwaka 2010: kizazi chao kilianza kusemwa kuwa ni cha watu wazuri wasioweza kumaliza kazi.

Alijiunga na Arsenal tarehe 31 Agosti 2011, siku ya mwisho ya dirisha la usajili, na siku hiyo ina historia yake. Siku tatu kabla, Arsenal ilikuwa imefungwa 8-2 na Manchester United kule Old Trafford. Cesc Fàbregas na Samir Nasri walikuwa wameshaondoka, na klabu ikaingia sokoni kwa haraka ya mtu anayeziba paa mvua ikinyesha. Mertesacker na Mikel Arteta walifika siku hiyohiyo. Hakuna shabiki wa Washika Bunduki, kama Arsenal inavyoitwa, aliyekuwa akiota kuhusu mmoja wao, na nakiri kuwa ninachokumbuka vizuri zaidi ni malalamiko, kwamba timu iliyopoteza viungo bora imeletewa beki mzito kutoka Bremen ili akimbizane na washambuliaji wa Ligi Kuu ya England.

Mwanzo wake haukuwatuliza waliolalamika. Februari 2012, katika mechi dhidi ya Sunderland, aliumia kifundo cha mguu akiwa peke yake na mpira, mpinzani akauchukua na kwenda kufunga, na msimu wake ukaishia pale. Aliporudi, ndipo tulipoanza kumwelewa. Alipangwa pamoja na Laurent Koscielny, Mfaransa mwepesi aliyependa kutoka kwenye safu na kumfuata mshambuliaji hadi katikati ya uwanja, na wawili hao walikamilishana kwa namna ambayo Arsenal ilikuwa haijaiona kwa miaka kadhaa: mmoja alitoka kwenda kukaba, mwingine alibaki kufunika. Koscielny alisifiwa kwa kutoka. Mimi naamini kwamba asingeweza kutoka kwa ujasiri ule kama nyuma yake asingekuwepo mtu aliyejua hasa mahali pa kusimama.

Kuna tukio la Desemba 2013 ambalo linaonyesha hulka yake kuliko mabao. Baada ya kipigo kile cha 6-3 kwa Manchester City, wachezaji wa Arsenal walitakiwa kwenda kuwapigia makofi mashabiki waliosafiri, na Özil, rafiki yake tangu Bremen na mwenzake wa timu ya taifa, alielekea moja kwa moja kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Mertesacker alimfokea mbele ya kamera, bila kujali kwamba huyo ndiye mchezaji ghali kuliko wote aliyewahi kununuliwa na klabu hadi wakati ule. Baadaye Özil aliwaomba radhi mashabiki. Katika timu iliyokuwa ikilaumiwa kwa upole, mtu mpole kuliko wote ndiye aliyekasirika, na alikasirika kwa ajili ya watu waliokuwa jukwaani.

Tarehe 12 Aprili 2014, kwenye nusu fainali ya Kombe la FA pale Wembley, alitufundisha jambo lingine. Arsenal ilikuwa haijatwaa kombe lolote kwa miaka tisa na ilikuwa ikicheza dhidi ya Wigan, timu ya daraja la pili ambayo ndiyo iliyokuwa bingwa mtetezi. Mertesacker alimwangusha Callum McManaman kwenye eneo la hatari, na Jordi Gómez akafunga penalti. Dakika zilikwenda. Wenger alionekana mtu anayeangalia mwisho wa zama zake. Dakika ya 82 Alex Oxlade-Chamberlain alipiga shuti ambalo halikukaa sawa, mpira ukaruka kuelekea lango la mbali, na aliyekuwa pale, akiinama kuupiga kwa kichwa, alikuwa beki yuleyule aliyesababisha penalti. Arsenal ilishinda kwa mikwaju ya penalti, na tarehe 17 Mei iliifunga Hull City 3-2 katika fainali baada ya kutanguliwa kwa mabao mawili. Ukame wa miaka tisa ulikatika siku hiyo, lakini ukweli ni kwamba ulikaribia kuendelea, na aliyeuzuia usiendelee alianza kwa kosa lake mwenyewe.

Wiki chache baadaye alikuwa Brazil. Alianza mechi zote tatu za makundi, mojawapo ikiwa sare ya 2-2 na Ghana, kisha mechi ya hatua ya 16 bora dhidi ya Algeria mjini Porto Alegre. Algeria ilicheza kwa kasi na ujasiri, mipira ya nyuma ya mabeki ikamlazimisha kipa Manuel Neuer kutoka golini mara nyingi kana kwamba yeye ndiye beki wa mwisho, na Ujerumani ikahitaji muda wa nyongeza ili ishinde 2-1. Mwandishi wa televisheni ya Ujerumani alipomuuliza kwa nini timu imecheza kwa kujikokota, Mertesacker alimjibu kwa ukali: je, anadhani kati ya timu 16 zilizobaki kuna timu ya maonyesho ya sherehe? Wao wamefuzu robo fainali, na yeye sasa anakwenda kujilaza kwenye pipa la barafu kwa siku tatu, mengine yatachambuliwa baadaye. Wajerumani waliyapenda majibu yale na wanayarudia hadi leo.

Kwenye robo fainali dhidi ya Ufaransa hakupangwa. Kocha Joachim Löw alimrudisha Philipp Lahm kwenye beki ya kulia, akawaweka Jérôme Boateng na Mats Hummels katikati, na mtu aliyekuwa amecheza mechi ya 100 ya timu ya taifa katika mashindano hayohayo akakaa benchi. Hakulalamika hadharani. Katika nusu fainali dhidi ya Brazil mjini Belo Horizonte, Ujerumani ikiwa inaongoza 5-0 wakati wa mapumziko, aliingia kuchukua nafasi ya Hummels, na katika fainali ya tarehe 13 Julai pale Maracanã aliingizwa sekunde za mwisho za muda wa nyongeza badala ya Özil, ili awepo mtu wa kuondoa mipira ya juu ambayo Argentina ingeweza kuirusha. Bao la Mario Götze lilikuwa limeshafungwa. Kuna watu wanaosema kwamba alipewa tu heshima ya kukanyaga nyasi za fainali. Mimi naona kocha alimwingiza mtu aliyemwamini katika jambo mahususi. Mwezi uliofuata alistaafu timu ya taifa, baada ya Lahm na Miroslav Klose kufanya hivyo.

Wembley iliendelea kumpenda. Novemba 2013 alikuwa amefunga hapo kwa kichwa bao pekee katika ushindi wa Ujerumani dhidi ya England, na Mei 2015 alifunga tena kwa kichwa wakati Arsenal ilipoifunga Aston Villa 4-0 katika fainali ya Kombe la FA, siku ambayo yeye ndiye aliyevaa kitambaa cha unahodha. Baada ya hapo mambo yalianza kushuka. Tarehe 24 Januari 2016, dakika ya 18 ya mechi dhidi ya Chelsea, Diego Costa alichomoka kuelekea golini, Mertesacker akanyoosha mguu kwa kuchelewa, mshambuliaji akaanguka na mwamuzi akatoa kadi nyekundu. Dakika tano baadaye Costa huyohuyo alifunga bao pekee la mechi. Kwa waliokuwa wakisubiri ushahidi kwamba mbio zimemwisha hata zile chache alizokuwa nazo, ushahidi ulikuwa umepatikana. Majira ya joto yaliyofuata aliumia goti katika mechi ya kirafiki dhidi ya Lens. Aliteuliwa kuwa nahodha rasmi wa klabu baada ya Arteta kuondoka, na msimu wa 2016/17 karibu wote alikuwa nahodha asiyecheza.

Mei 2017 Arsenal ilikuwa imemaliza ligi katika nafasi ya tano na kuikosa Ligi ya Mabingwa kwa mara ya kwanza baada ya karibu miaka ishirini. Katika mechi ya mwisho ya ligi dhidi ya Everton, Koscielny alipewa kadi nyekundu iliyomfungia fainali ya Kombe la FA, Gabriel akaumia, na kwa kuwa Shkodran Mustafi naye hakuwa katika hali ya kucheza, Wenger akabaki na nahodha wake ambaye hakuwa ameanza mechi yoyote ya mashindano kwa zaidi ya mwaka mzima. Dakika zake pekee za ligi msimu ule zilikuwa hizo za kuingia dhidi ya Everton. Chelsea ilikuwa bingwa wa England kwa pointi 93, ikiwa na Eden Hazard, Pedro na Costa mbele. Nilimsikia kila mchambuzi akisema kwamba itakuwa maafa, na sikuwa na hoja ya kuwapinga.

Tarehe 27 Mei Wenger alimpanga katikati ya mabeki watatu, Rob Holding mwenye miaka 21 upande mmoja na Nacho Monreal upande wa pili. Mfumo huo, ambao Arsenal ilianza kuutumia Aprili mwaka uleule, ulimfaa, kwa kuwa beki wa katikati kati ya watatu ana mtu kila upande wa kumsaidia pembeni, na yeye anabaki na kazi ya kusoma mchezo. Aliusoma siku hiyo kwa kiwango ambacho sijakiona kwa beki mwingine yeyote aliyetoka katika ukimya mrefu namna ile. Hazard alipoingia ndani na mpira, Mertesacker hakumvamia. Alirudi nyuma polepole akimsukumia kwenye upande wenye watu, akangoja hadi mpira uachane na mguu kidogo, ndipo akaweka wake. Costa alipojaribu kumgeukia, alikuta ameshasimama mahali alipotaka kwenda. Krosi zilipokuja, kichwa kilichokuwa juu kilikuwa cha Mjerumani. Na kila baada ya shambulizi alimgeukia Holding, akamwelekeza kwa mkono, akampigapiga begani, hata kijana yule akacheza fainali yake ya kwanza kama mtu aliyezizoea. Arsenal ilishinda 2-1 kwa mabao ya Alexis Sánchez na Aaron Ramsey, Costa akifunga la Chelsea, na klabu ikatwaa kombe hilo kwa mara ya 13, idadi ambayo hakuna klabu iliyokuwa imeifikia.

Kwa karibu mwaka mzima baada ya fainali ile niliieleza kwa maneno ya utulivu: mtu mtulivu, kichwa baridi, hakuna kinachomtetemesha. Kisha Machi 2018 jarida la Ujerumani, Der Spiegel, likachapisha mahojiano yake. Alisema kwamba katika maisha yake yote ya kucheza, asubuhi za siku ya mechi tumbo lilimharisha, na sekunde chache kabla ya mpira kuanza tumbo lilipinduka akawa anataka kutapika. Aligeuza uso pembeni ili watu wasimwone, akameza mate, akaanza kucheza. Haya yalimtokea mamia ya mara. Kuhusu usiku wa Dortmund mwaka 2006, alisema kwamba alihuzunika kwa kufungwa, lakini hisia iliyozidi ilikuwa ya kutuliwa mzigo, kwamba hatimaye yamekwisha. Alieleza hofu ya kufanya kosa moja litakalozaa bao na kubaki kwenye kumbukumbu za nchi nzima. Na kwa msimu wake wa mwisho alisema wazi kwamba, ingawa watu walimwambia aufurahie, yeye angependelea kukaa benchi, au bora zaidi jukwaani.

Niliyasoma maneno hayo nikiwa nimeikumbuka kazi ya beki asiye na mbio, na mambo mawili yakaungana. Mtu anayehama kabla ya pasi kupigwa ni mtu anayeiona hatari mahali ambapo wengine hawajaiona bado. Kipaji chake kilikuwa kuyatabiri mabaya, dakika baada ya dakika, na kuyazuia yasitokee. Nani anaweza kuifanya kazi hiyo kwa miaka 15 na kuizima akili yake mechi inapokwisha? Sidhani kwamba alifanikiwa licha ya hofu hiyo, kana kwamba hofu ilikuwa upande mmoja na mchezo upande mwingine. Naona kwamba jicho lililomwokoa uwanjani ndilo lililomtesa nje ya uwanja, na kwamba sisi tuliomwita mtulivu tulikuwa tunaitazama jitihada kubwa tukiidhania ni tabia ya kuzaliwa.

Katika habari hii kuna jina la Robert Enke, na halipaswi kutajwa kwa haraka. Enke alikuwa kipa wa Hannover 96 na wa timu ya taifa. Walicheza klabu moja kuanzia 2004 hadi 2006 na walikuwa marafiki. Alikuwa na ugonjwa wa sonona ambao aliuficha kwa miaka, na tarehe 10 Novemba 2009 alijiua akiwa na miaka 32. Ujerumani iliifuta mechi yake ya kirafiki dhidi ya Chile, na uwanja wa Hannover ulijaa watu waliokuja kumuaga. Mertesacker hajawahi kujilinganisha naye wala kudai kwamba aliugua ugonjwa uleule. Lakini mtu aliyempoteza rafiki kwa sababu ya jambo lililonyamaziwa, na ambaye ujanani aliwahudumia wagonjwa wa akili, alikuwa na sababu ya kuona kwamba kusema ni wajibu.

Si kila mtu alilipokea hilo vizuri. Lothar Matthäus, nahodha wa Ujerumani iliyotwaa Kombe la Dunia mwaka 1990, alimkosoa, akihoji ni vipi mtu mwenye mawazo hayo ataweza kuwaongoza vijana katika mchezo wa kulipwa. Swali lilikuwa na uzito wake, kwa sababu tangu Julai 2017 Arsenal ilikuwa imeshatangaza kwamba Mertesacker atakuwa mkuu wa akademi yake mara atakapostaafu. Ninamheshimu Matthäus kwa aliyoyafanya uwanjani, lakini hapa sikubaliani naye hata kidogo. Kijana wa miaka 16 anayetapika chooni kabla ya mechi yupo katika kila akademi duniani, awe amesema au hajasema, na sioni kwa nini ahudumiwe vizuri zaidi na mkuu ambaye hajui jambo hilo linafananaje.

Alianza kazi hiyo mwaka 2018. Amekuwa akisisitiza kwamba mtoto wa akademi lazima asome shule na awe na maisha mengine nje ya mpira, kwa kuwa wengi wao hawatafika timu ya kwanza, na hilo ni kweli hata katika klabu inayolea vizuri. Novemba mwaka huo Bukayo Saka, aliyelelewa na klabu tangu utotoni, alichezeshwa timu ya kwanza kwa mara ya kwanza. Mwishoni mwa 2019, Freddie Ljungberg alipoishika timu kwa muda baada ya kocha Unai Emery kufukuzwa, Mertesacker alikwenda kumsaidia benchi kisha akarudi kwa vijana wake, na kazi ya kocha mkuu akapewa Arteta, yule waliyesajiliwa naye siku moja. Tarehe 18 Septemba 2022, Arsenal ikiwa inaongoza 3-0 ugenini kwa Brentford, Arteta alimwingiza mwanafunzi wa akademi hiyo, Ethan Nwaneri, akiwa na umri wa miaka 15 na siku 181, mchezaji mdogo kuliko wote waliokuwa wamewahi kucheza Ligi Kuu ya England hadi siku hiyo.